Toleo la Saba

Nilikwenda kuchukua boksi. Boksi tu la karatasi. Kwa hesabu yangu ilikuwa robo saa kwenda, robo saa kurudi, na katikati salamu za wifi yangu, ambazo hazijawahi kuisha upesi. Jua lilikuwa limeshazama lakini mwanga ulikuwa bado barabarani. Nilimwachia mama chai kwenye chupa, nikamwambia nitarudi kabla haijapoa.

"Haraka haraka haina baraka," mama akasema. Husema hivyo kila anaponiona navaa viatu nikiwa nimesimama.

Ni kweli, mimi ni mtu wa haraka. Kazi yangu ni kuandika mabango ya maduka, na mteja akichelewa kuchagua rangi namchagulia mimi. Foleni siiwezi. Hata maji ya chai siwezi kuyasubiri yachemke nikiwa nimekaa. Nakwambia mapema ili tukifika mbele usiseme hukuambiwa.

Boksi lenyewe lilikuwa la kaseti saba za gemu. Kama umri wako unaruhusu, Mchukuzi unamjua: yule kijana mfupi mwenye kofia, mzigo kichwani, anaruka kutoka paa hadi paa, anavuka mitaro na mashimo ili aufikishe mzigo kwa mwenyewe. Kila ukumbi wa gemu ulikuwa naye. Hata leo ukipiga mluzi wa wimbo wake mbele ya wazee wenye vipara, wanatabasamu. Gemu ile tuliitengeneza sisi, watu watatu, kwenye chumba cha nyuma cha nyumba ya binamu yangu. Binamu tulimwita Fundi, na yeye ndiye aliyeiandika. Mimi nilichora. Mdogo wangu wa kiume, tuliyemwita Kidole, alicheza. Hiyo ndiyo ilikuwa kazi yake, kucheza kutwa nzima na kutuambia wapi panakwama.

Kabla ya Mchukuzi aliyeingia madukani kulikuwa na wengine saba ambao hawakutoka nje ya chumba kile. Matoleo ya majaribio. Katika la kwanza hakuwa mtu, alikuwa kiboksi cheupe kinachoruka. Katika la tatu alipata miguu. Katika la tano alikuwa na kofia lakini hana uso, kwa sababu uso nilikuwa sijauchora. Sasa mtu mmoja wa mbali, mkusanyaji wa gemu za zamani, aliniandikia kwamba anazitaka zote saba azihifadhi zisipotee. Fundi alikuwa amefariki miezi mitatu nyuma. Nilipompigia simu mjane wake, akasema, "Njoo, wifi. Hata mimi nilikuwa nakutafuta."

Mlango wa nyumba ile naujua kuliko wa kwetu. Una alama ya rangi ya buluu karibu na kitasa, mahali nilipoupiga kwa brashi siku moja ya hasira. Wifi alifungua kabla sijagonga mara ya pili. Siku zote ananipokea kwa utani, leo nimenenepa, kesho nimekonda, keshokutwa nywele zangu zimefanana na za bwana fulani. Siku hiyo alisogea tu pembeni nipite.

Nilichokutana nacho kwanza kilikuwa harufu.

Harufu ya njiti ya kiberiti iliyowashwa sasa hivi.

"Unawasha nini?" nikamuuliza.

"Mimi? Sijawasha kitu. Napikia umeme, si unajua." Akaurudishia mlango bila kuufunga.

"Mbona hufungi?"

"Uache hivyo hivyo," akanong'ona. "Pita nyuma."

Chumba cha nyuma kilikuwa vilevile. Meza tatu. Kiti changu chenye mguu uliofungwa waya. Dirisha linalotazama geti. Boksi lilikuwa sakafuni, nikapiga magoti nikahesabu kaseti, kila moja na namba yake juu ya utepe mweupe, mwandiko wangu mimi. Moja, mbili, tatu... sita.

"Ya saba iko wapi?"

Wifi akanionyesha kwa kidevu. Kwenye kona, televisheni ya zamani ilikuwa inawaka.

Ngoja nikueleze jambo moja la kazi ile. Gemu ikiachwa bila kuguswa, baada ya muda huanza kujicheza yenyewe ili kuwavutia wapita njia. Sisi tuliliita onyesho. Watu hudhani ni mashine inayocheza, lakini mashine haijui kucheza. Mmoja wetu alikaa kwenye kiti, akacheza nusu dakika, na mashine ikaandika kila alipobonyeza. Kinachorudiwa ni vidole vya mtu. Na Fundi alikuwa na sheria moja ambayo hakutania nayo: aliyeanza kurekodi ndiye anayemaliza, kwa kubonyeza kitufe cha katikati. Asipokibonyeza, mashine haijui kwamba amemaliza. Inabaki wazi inamsubiri.

Onyesho la toleo la saba lilirekodiwa na Kidole. Hakulimaliza.

Hakulimaliza kwa sababu yangu. Ilikuwa jioni ya mvua, miaka kumi na tisa iliyopita, saa kama hiyo hiyo. Nilitaka chai. Jiko la mafuta lilikuwa tayari, kiberiti sikukiona. Nikamwambia, "Kidole, kimbia dukani uniletee kiberiti." Akasema, "Dada, subiri nimalize, zimebaki sekunde kumi." Sekunde kumi! Nikamwambia mashine haina miguu, haitakimbia, atamalizia akirudi. Akacheka. Akaiweka pedi ya kuchezea juu ya kiti, akatoka bila mwavuli.

Hajafika getini, nikaingiza mkono mfukoni mwa koti.

Kiberiti kilikuwamo.

Ningeweza kumwita. Dirisha lilikuwa wazi, na mgongo wake nilikuwa nauona. Lakini mvua ilikuwa kubwa, nikaona uvivu kupaza sauti, nikajisemea kiberiti cha pili hakiozi. Nikawasha jiko. Nikanywa chai yangu. Lori lilimgonga wakati anarudi, kona ya kiwanda cha sabuni, na mkononi mwake hakikukutwa kitu. Habari ya kiberiti cha mfukoni sikumwambia Fundi wala mama. Sikumwambia mtu yeyote. Nilizika ndugu na nikazika na hilo.

Gemu iliyoingia madukani ina onyesho alilolirekodi Fundi mwenyewe, na ndiyo maana Mchukuzi mnayemjua ninyi hugonga ukuta kabla ya shimo la kwanza. Watu wamelicheka kosa hilo miaka yote. Kidole asingegonga ukuta. Yeye alikuwa na mtindo wake. Akifika kwenye shimo, miruko miwili midogo papo hapo, tup, tup, kisha anarudi nyuma kuchukua kasi, kisha anaruka. Hata mitaro ya barabarani aliivuka hivyo. Hata kizingiti cha nyumbani kwetu. Mama alikuwa akisikia tup, tup, anapakua chakula bila kuuliza nani.

Na sasa kwenye televisheni ile Mchukuzi alikuwa anatembea.

"Haijazimwa," wifi akanong'ona. "Miaka kumi na tisa. Umeme ukikatika, kuna betri ya lori chini ya meza. Nilidhani mume wangu ameharibikiwa kichwa. Nikamwambia achague, mimi au televisheni. Akaniambia, mke wangu, kuna mtu yuko njiani."

Nilisogea. Kila tofali la gemu ile nilichora mimi, kwa mkono huu, kidoti baada ya kidoti. Mtaa ule sikuuchora. Ulikuwa na bomba la moshi la kiwanda cha sabuni. Ulikuwa na mtaro, na nguzo tatu za umeme, ya katikati imepinda. Mvua ya vidoti ilikuwa inanyesha. Mchukuzi hakuwa na mzigo kichwani. Alikuwa na kitu kidogo mkononi.

Kitu chekundu. Vidoti vinne tu.

Juu ya televisheni, ukutani, Fundi alikuwa amebandika vikaratasi, kila kimoja na tarehe. Cha kwanza kilisema: Amelala kona ya kiwanda. Cha pili, mwaka mmoja baadaye: Bado amelala. Vikafuata vya namna hiyo miaka kumi na moja. Kisha kimoja, mwandiko umetetemeka: Amenyanyuka. Halafu mtaro. Halafu nguzo ya kwanza. Nguzo ya pili peke yake ilimchukua miaka minne. Cha mwisho kilikuwa na mwandiko wa wifi, tarehe ya jana: Geti.

"Na hii," wifi akasema, "aliniachia nikupe wewe."

Ilikuwa karatasi ya daftari. Akifika mlangoni, aitwe dada yake, maana ndiye aliyemtuma. Amwache aingie ndani kwanza. Akishaingia, ndipo dada abonyeze kitufe cha katikati, onyesho lifungwe, kijana apumzike. Asibonyeze kabla hajaingia, atabaki nje. Narudia, asibonyeze kabla. Narudia kwa sababu namjua.

Nilicheka. Haki ya Mungu nilicheka, kwa sababu ndivyo Fundi alivyokuwa akiniandikia hata maagizo ya kuchora mawingu.

"Kaa, wifi," akaniambia.

Sikukaa. Pedi ilikuwa juu ya kile kiti, pale pale alipoiweka yeye. Niliiokota. Pale panapokaa vidole gumba palikuwa na joto.

Mchukuzi akapita geti. Ile hatua nilikuwa nimeichora mimi, miguu miwili kwa kupokezana, lakini sikumchorea kuchechemea. Alikuwa anachechemea. Hatua... akapumzika. Hatua... akapumzika. Nilitamani kumsukuma kwa kidole kwenye kioo. Nilitamani pia kukimbia. Nje ya dirisha giza lilikuwa linaingia, kukavu, wala wingu hakuna.

Upande wa kushoto wa kioo ukajitokeza mlango. Mlango wa kahawia. Karibu na kitasa, vidoti vitatu vya buluu.

Akasimama mbele yake. Akaruka papo hapo, mara mbili.

Tup. Tup.

"Punguza sauti," nikasema.

"Wifi," akanijibu polepole, "televisheni hiyo spika ilikufa hata mwanangu wa kwanza hajazaliwa."

Nikageuka. Kutoka chumba cha nyuma unauona ukumbi wote hadi mlango wa mbele. Ulikuwa umerudishiwa tu, kama alivyouacha, na ufa mwembamba wa giza pembeni. Harufu ya kiberiti ilikuwa nzito sasa, na ndani yake harufu nyingine. Nguo iliyolowa mvua.

Nje ya mlango ule kulikuwa na mtu anahema.

"Usiguse kitu," wifi akanong'ona. Machozi yalikuwa yanamtoka. "Mwache. Ni hatua moja tu. Mwache aingie."

Kwenye kioo Mchukuzi akarudi nyuma hatua moja ili achukue kasi. Nje ya mlango nikasikia, taratibu, kiatu kimoja kikirudi nyuma juu ya sakafu ya kibaraza. Najua nilichotakiwa kufanya. Kusubiri. Labda sekunde kumi.

Nikabonyeza.

Onyesho limehifadhiwa, kioo kikaandika. Kisha kikawa cheusi.

Wifi alikwenda ukumbini, akafungua mlango wazi kabisa. Hapakuwa na mtu. Kibaraza kilikuwa kikavu, isipokuwa mbele ya kizingiti, ambapo palikuwa na alama mbili za maji, na nyuma yake moja. Aliziangalia kwa muda mrefu. Aliporudi uso wake ulikuwa umelegea, kama mtu aliyetuliwa gunia, na hilo liliniumiza kuliko angenitukana.

"Umemfungia nje, wifi yangu," akasema. "Hapa hana kazi tena. Aliyemtuma si mimi."

Nilibeba boksi langu, kaseti zote saba. Nilifika nyumbani chai ya mama ikiwa bado ya moto.

Jioni iliyofuata nilikuwa najaza rangi kwenye bango la kinyozi, sebuleni. Mama alikuwa chumbani kwake, amejilaza. Saa kumi na mbili na nusu, nje ya mlango wetu, nikasikia.

Tup. Tup.

Hatua moja nyuma.

Kimya.

Kesho yake hivyo hivyo. Na keshokutwa. Pale pale nilipomkatia, hapazidi wala hapapungui, ndivyo onyesho linavyofanya kazi. Nilifungulia redio kwa sauti ya juu. Nilibadilisha kitasa. Nilijaribu kuwa nje ya nyumba saa hiyo, nikajikuta nasimama kwenye kaunta ya duka la watu, namsikia nyuma ya mlango wa duka. Tup, tup. Hatua. Mwenye duka akaniuliza kama naumwa. Usingizi ulinipotea. Nikaandika "SALUNI" mara tatu ikatoka imepinda. Kufungua sikuthubutu. Nilijua nitakayemkuta amekuja kuniletea nini, na sikuwa na uso wa kumtazama nikipokea.

Yule mkusanyaji, boksi nililomtumia lilipomfikia, aliandika barua ya shukrani. Matoleo sita ni mazima, alisema, na kile kiboksi cheupe amekipenda sana. Ila la saba lina hitilafu. Onyesho linaonyesha mtaa mtupu wenye mvua na mlango, lakini mchezaji hayumo. Aliuliza kama namfahamu mtu anayejua alikoenda.

Wiki ya tatu, jioni, nilikuwa nimekaa sakafuni mgongo ukiwa mlangoni. Tup. Tup. Hatua moja nyuma. Kimya. Mama akaniita kutoka chumbani. Sikio lake moja halisikii kabisa, la pili husikia linachotaka, kwa hiyo sikuwahi kuwaza kwamba yeye pia anamsikia.

"Mbona humfungulii mdogo wako?"

"Nani, mama?"

"Kila siku unamwacha hapo nje." Sauti yake ilikuwa ya kawaida, ile ya kulalamikia chumvi. "Anasema kiberiti amekipata. Kimelowa kidogo tu."

Hata kwamba nilimtuma kiberiti, mama sikuwahi kumwambia. Tangu msiba ule hata kiberiti chenyewe sijawahi kukiingiza ndani ya nyumba. Jiko letu ni la gesi, la kubonyeza.

Nikageuka, nikaweka paji la uso kwenye mbao za mlango. Nilihisi ubaridi unapenya. Upande wa pili, karibu kabisa, mtu alikuwa anahema.

"Kidole," nikanong'ona. Nilikuwa sijalitaja jina lile miaka mingi, likanitoka vibaya. "Kilikuwa mfukoni mwangu. Hujafika hata getini, nilikuwa nimeshakishika. Nikaona uvivu kukuita. Nisamehe, mdogo wangu. Rudi kapumzike. Sikihitaji. Sikukihitaji hata siku ile."

Pumzi ikakatika.

Kisha, kwa mara ya kwanza, hatua ya pili ikarudi nyuma. Ya tatu. Ya nne, mbali, kule barabarani. Nikashukuru. Nililia kwa kushukuru, nikidhani anaondoka.

Alikuwa anachukua kasi.

Nilizisikia zikija, mbio zile zile za Kidole, nyepesi, hazichechemei tena. Nikabana kitasa kwa mikono yote miwili. Nikangoja mlango upigwe.

Mlango haukuguswa. Kishindo kilikuwa nyuma yangu, ndani.

Sikugeuka. Taa ya sebuleni ilizimika bila kutoa sauti. Chumbani kwa mama njiti ikakwaruzwa, haikushika. Ikakwaruzwa tena, haikushika. Kiberiti kilicholowa huwa hivyo. Ya tatu ikawaka, na kivuli changu kikasimama mbele yangu mlangoni.

"Asante, baba," mama akasema. Mimi mama huniita mama. Neno baba alilitumia kwa Kidole tu.

Kisha nikamsikia akijigeuza kitandani, kwa raha, na sauti yake ikawa ya kuelekeza.

"Dada yako yule pale mlangoni. Mpelekee."